Brideless Groom (1947): uzoefu wangu na nakala tatu za filamu moja

Nimeitazama filamu hii fupi ya Three Stooges (wachekeshaji watatu wa Marekani, hapa wakiwa Shemp, Moe na Larry) kwa nakala tatu: ya bure ya mtandaoni, ya DVD ya mkusanyiko wa bei rahisi, na ile iliyosafishwa ambayo Sony waliitoa mwaka 2009 katika juzuu ya tano ya mkusanyiko wao wa DVD, inayohusu miaka 1946 hadi 1948. Filamu naipa nyota nne kati ya tano. Nakala ya DVD rahisi naipa moja, na hiyo moja ni ya huruma.

Kwa asiyeijua: ni ya studio ya Columbia, nyeusi na nyeupe, karibu dakika 17, imeongozwa na Edward Bernds na kuandikwa na Clyde Bruckman. Shemp ni mwalimu wa uimbaji. Mjomba wake amefariki na kumwachia dola 500,000, kwa sharti kwamba awe ameoa ndani ya saa 48. Habari inamfikia muda ukiwa umebaki saa chache tu, na hakuna mwanamke anayemtaka isipokuwa mwanafunzi wake Fanny, ambaye akifungua mdomo kuimba ungependa kuwa chumba cha pili. Bruckman hakuanzia hewani: alishiriki kuandika Seven Chances, filamu bubu ya Buster Keaton ya mwaka 1925, yenye mzigo ule ule wa urithi, saa ya mwisho na kundi la wanawake wanaokimbilia ndoa. Keaton alikuwa na barabara na mlima wa kukimbilia. Hapa yote yanabanwa ndani ya vyumba vichache, kwa sababu bajeti ya filamu fupi haikuruhusu zaidi, na naona kubanwa huko ndiko kulikoisaidia.

Angalia kibanda cha simu. Shemp anawapigia wanawake wote aliowaandika kwenye kidaftari chake, sarafu inapotea, Moe anaingia kumsaidia. Watu wazima wawili, waya mmoja, nafasi ya mtu mmoja. Kila anayejaribu kujinasua anamkaza mwenzake zaidi. Hakuna kigeni kilichoongezwa, ni mikono, miguu na ule waya, na kadiri wanavyokuwa na haraka ndivyo wanavyozidi kunasa. Wachekeshaji wengi wa video fupi za siku hizi wangekata picha mara kumi hapo. Bernds anaiacha kamera itulie ili uone mkono wa nani umepita wapi. Ukikata, mtazamaji anapoteza hesabu ya viungo, na utani umekwisha.

Kisha Christine McIntyre, anayeigiza Bi Hopkins. Anamdhania Shemp kuwa binamu yake Basil, anamkumbatia na kumbusu, halafu anagundua kosa. Vibao vinavyofuata si vya kuigiza nusu nusu. Bernds alisimulia baadaye kwamba McIntyre alisita kumpiga, ikabidi Shemp mwenyewe amwambie apige kweli ili wamalize mara moja. Inaonekana usoni. Vinashuka kulia na kushoto kwa mwendo wa saa, na ngumi ya mwisho inampitisha Shemp mlangoni.

Hapo ndipo nakala mbovu inapokuumiza. Filamu inakwenda kwa picha 24 kwa sekunde, kwa hiyo kila picha inakaa takriban milisekunde 42. Sauti ya kofi ikichelewa picha tatu tu, mkono unakuwa umeshaondoka shavuni ndipo unasikia “pa!”, na jicho linajua limedanganywa. DVD yangu rahisi ilikuwa na kasoro hiyo kuanzia katikati hadi mwisho. Ukiwa na VLC, programu ya kuchezea video kwenye kompyuta, bonyeza J kama sauti inachelewa au K kama inatangulia. Kila mbonyezo ni milisekunde 50, na mara nyingi miwili inatosha. Sura zikiwa pana kama zimekaliwa, nakala ya 4 kwa 3 (upana kwa urefu) imevutwa ijaze skrini: bonyeza A mpaka zirudi za kibinadamu. Mistari kama meno ya kitana kwenye mikono inayokwenda kasi inapungua kwa D. Isiyotibika ni ile iliyokatwa juu na chini ili ifanane na televisheni mpya, maana inaondoka na vichwa, na kichwa ndicho kinachopigwa.

Tazama pia urefu. Ikiwa ni dakika 16 na sekunde chache, huenda imeharakishwa hadi picha 25 kwa sekunde kwa ajili ya televisheni za mfumo wa PAL, na sauti zimekuwa nyembamba kidogo. Shemp anavumilika. Fanny, hapana.

Uchafu huu wote una asili moja. Haki miliki ya mwanzo ilidumu miaka 28, haikuhuishwa, na tangu hapo yeyote mwenye mashine ya kunakili anaweza kuuza. Wengi wamenakili nakala ya nakala. Usihangaike kupakua faili kubwa la 1080 kutoka chanzo cha namna hiyo, utamaliza bando kupata ukungu ule ule kwa ukubwa zaidi.

Nyota moja nimeiondoa kwa mambo mawili. Utani kuhusu Fanny unategemea sana kwamba hapendezi, na Dee Green, anayemwigiza, anastahili zaidi ya hapo, kwani kwa bidii anawashinda wengi humo ndani. Pia Larry hapewi kazi ya kutosha.

Mwisho wa filamu unalipa deni lote. Wanawake wa kwenye kidaftari wamesikia habari za urithi, wanafika kwa mfungisha ndoa, na maji yanazidi unga. Emil Sitka, mfungisha ndoa mwenyewe, anaendelea kurudia maneno yake ya kuwaita maharusi ndege wapendanao na kuwaomba washikane mikono, kila mara akiwa na hali mbaya kuliko mara iliyotangulia, mpaka tundu la ndege linaishia kichwani mwake. Sitka alifariki mwaka 1998, na maneno hayo yamechongwa kwenye kaburi lake.

Mkikutana na Husbands Beware ya 1956, jueni kwamba sehemu kubwa ni picha hizi hizi zilizotumiwa tena, zikaongezewa mwanzo mpya uliopigwa kabla Shemp hajafariki mwaka 1955. Nunueni moja tu, na iwe ya 1947.