Hammonds: kabati linalokatwa kwa kipimo cha chumba

Kampuni ya Hammonds, yenye makao yake Hinckley, Leicestershire, nchini Uingereza, ilianzishwa mwaka 1926, na leo inajulikana zaidi kwa makabati ya kujengea ukutani. Ubora wa kabati la aina hii huonekana pembeni: ukuta wa nyumba kuukuu haunyooki, kwa hiyo fundi huchonga kipande chembamba cha ubao kufuata mpindo wake mpaka pengo lizibike, hata chini ya dari iliyoinama, ambako kabati la dukani lingeacha uwazi wa kukusanya vumbi na masanduku. Mpangaji, kwa maoni yangu, asijisumbue, kwani ukihama kabati hilo hulibebi. Kwa mwenye nyumba yake, gharama hiyo inastahili.