Nimelipia BIOS ya PS2 Kariakoo, nikapewa ya PS1

Kama unatafuta mtu wa kukuwekea PCSX2, ile programu ya kuchezea gemu za PS2 kwenye kompyuta, soma hii kwanza. Bado nina hasira.

PlayStation 2 yangu lenzi imekufa, haisomi CD hata ubembeleze. CD ninazo, laptop ina sehemu ya DVD, nikaona nichezee huko. PCSX2 yenyewe ni ya bure. Kinachosumbua ni BIOS, lile faili la mfumo linaloiwasha PlayStation. Ni mali ya Sony, kwa hiyo programu haiji nalo, unatakiwa ulitoe kwenye mashine yako mwenyewe. Nikaona yanini nihangaike, nikaenda kwa kijana mmoja Kariakoo, fremu imejaa pedi na waya. "Hiyo ndogo sana, mkubwa. Lete elfu ishirini." Nikampa.

Nafika nyumbani, PCSX2 inasema haioni BIOS yoyote. Naangalia faili alilonipa: SCPH1001, KB 512. Jamani, hiyo ni ya PlayStation ya kwanza! Ya PS2 ina MB 4. Fundi wa gemu mzima hatazami hata ukubwa wa faili?

Lakini kukosea si neno. Kilichoniudhi ni majibu. Nimerudi kistaarabu, nimesalimia, nimemfungulia laptop aone. Macho hayakutoka kwenye simu. "Laptop yako imechoka, mzee. Tafuta nyingine." Waliokuwepo wakacheka. Laptop inafungua programu vizuri, inakwama kwenye faili lako bovu, halafu iliyochoka ni laptop?

Haki yake nimpe, lakini. Memori kadi ya Free McBoot niliyonunua kwake siku ileile, ile inayoiwezesha PS2 kufungua programu zisizo za Sony bila CD, ni nzima kabisa. Nikaichomeka kwenye PS2 yangu, nikaweka biosdrain, programu ya kutolea BIOS, kwenye flashi ya FAT32, nikaifungua kwa uLaunchELF, menyu ya kufungulia faili kwenye PS2. Lenzi haihusiki hapo. Maandishi yakawa yanateremka kwenye TV taratibu, maana USB ya PS2 ni ile ya zamani, 1.1, na mwisho faili zikakaa kwenye flashi. Nikaionyesha PCSX2 folda, ikaitambua papo hapo. Ile sauti ya kuwaka ilipolia nilipiga kelele, mke wangu akadhani mkeka umetiki.

Kwa hiyo nyota tatu, kwa ajili ya kadi.

Hapana. Nikifikiria vizuri, kadi hizo anaziuza yeye mwenyewe kila siku. Angeniambia tu, "Mzee, kalete PS2 yako," angenitolea BIOS pale pale mezani, na elfu ishirini ningempa kwa moyo mweupe, hata ya soda ningeongeza. Hakuuliza hata kama ninayo! Nyota moja. Na hela yangu bado naidai.