Kerr's Pink: kiazi cha kupikia colcannon

Anayeishi Ireland na anayetaka kupika colcannon jikoni kwake, badala ya kununua ile iliyokwisha kupondwa na kufungwa dukani, ajue kwamba kazi kubwa huanzia kwenye kuchagua viazi. Chakula hiki ni viazi mviringo vilivyopondwa na kuchanganywa na sukuma wiki au kabichi, maziwa, siagi na vitunguu vya majani. Vitu vyenyewe ni vichache, na kiazi kisichofaa hakina cha kukifichia ubaya wake. Nimepika kwa aina kadhaa za viazi, na ninayoipendekeza kwa moyo wote ni Kerr's Pink, ingawa inahitaji uangalifu.

Ni kiazi cha mviringo, ganda lake la waridi iliyofifia, macho yake yamezama ndani, na nyama yake ni nyeupe inayoelekea rangi ya maziwa ya mtindi. Asili yake ni Scotland, ambako kilianza kuuzwa kwa jina hili mwaka 1917, lakini Ireland ndiko kilikopata mapenzi ya kudumu. Sifa yake kuu ni unga. Kina wanga mwingi na maji machache, kwa hiyo kikiiva ganda hupasuka lenyewe, na ndani huonekana nyama kavu inayomeguka kwa kuguswa tu na uma. Nyama hiyo hunyonya maziwa ya moto na siagi bila kugeuka uji.

Unga huohuo ndio unaoleta usumbufu. Kikichemshwa kwenye maji mengi yanayotokota kwa nguvu, nje huyeyuka kabla ndani hakujaiva, na nusu ya kiazi humwagwa pamoja na maji. Dawa yake ni kukipika kwa mvuke kikiwa na ganda, au kukichemsha taratibu mpaka kikaribie kuiva, kumwaga maji, kufunika sufuria kwa kitambaa safi na kukiacha kimalizike kwa mvuke wake juu ya moto mdogo. Macho yaliyozama hufanya kumenya kikiwa kibichi kuwe kazi ya kuchosha. Afadhali kukimenya kikiwa cha moto, kimeshikwa kwa kitambaa, kwani hapo ganda huvulika kwa urahisi.

Mshindani wake ni Rooster, kiazi chenye ganda jekundu kilichozalishwa katika kituo cha utafiti cha Oak Park, Carlow. Rooster hupatikana karibu kila duka, macho yake hayakuzama sana, hakivunjikivunjiki, na hufaa kwa kuchemsha, kuoka na kukaanga. Kwa mpishi mwenye haraka ni chaguo la busara. Hata hivyo colcannon yake hutoka laini na nzito zaidi, na mimi naitaka ile nyepesi.

Kwa kilo 1 ya Kerr's Pink ninatumia takribani gramu 250 za sukuma wiki ya majani yaliyojikunja, gramu 100 za siagi na mililita 200 za maziwa. Mishipa migumu ya majani huondolewa, majani yakachemshwa kwa dakika chache, yakakamuliwa mpaka maji yaishe, kisha yakakatwa vidogo; hatua ya kukamua isirukwe, maana maji ya mboga huharibu kila kitu. Vitunguu hupashwa moto ndani ya maziwa ili vitoe harufu yake. Viazi vipondwe kwa mkono, kama mukimo unavyopondwa, na kamwe visisagwe kwa mashine, kwa sababu visu huupasua wanga na chakula kikanata kama gundi. Siagi nyingine huwekwa kwenye shimo katikati ya sahani, na kila tonge huchovywa humo.

Msimu nao unakisaidia kiazi hiki. Huvunwa majira ya vuli, na colcannon ni chakula cha Halloween, tarehe 31 Oktoba, ambapo kwa desturi pete hufichwa ndani yake na atakayeikuta huambiwa ndoa yake i karibu. Kinachobaki kikaangwe kesho yake kwa siagi juu ya kikaango kizito, bila kugeuzwageuzwa, mpaka upande wa chini ufanye ukoko wa kahawia. Na kwa ukoko huo Rooster haijaifikia Kerr's Pink.