TAHADHARI: Anayedai kuhamisha Pokémon wa Game Boy hadi Switch kwa konso moja

Wadau wa gemu, hasa nyinyi mliotunza kaseti za Game Boy Advance tangu utotoni: kuna mtu anazunguka kwenye magrupu ya mauzo akijitangaza kwamba anahamisha Pokémon (viumbe unaowakamata na kuwalea ndani ya gemu) wa zamani mpaka kwenye Switch, konso (mashine ya gemu) ya Nintendo, "kwa konso moja tu, bila usumbufu". Msimpe kaseti. Mimi nilimpa yangu wiki sita zilizopita na haijarudi. Kilichorudi ni kaseti bandia.

Yangu ilikuwa Pokémon Sapphire. Binamu yangu aliniletea kutoka Muscat likizo ya mwaka 2005, tukiwa Tanga, pamoja na Game Boy Advance SP ambayo yenyewe ilishakufa zamani. Kaseti haikufa. Ndani yake alikuwemo Swampert niliyempa jina TOPE, niliyemchukua akiwa bado Mudkip, umbo lake la mwanzo, wa level 5 nikamlea mpaka level 100, pamoja na wenzake kumi na mmoja. Tulishinda barazani kwa bibi tukipokezana mashine mpaka taa yake igeuke nyekundu. Thamani ya kaseti ile kwangu ilikuwa hao waliokuwa ndani.

Mwaka huu nilipopata Switch nikataka kuwahamishia huko. Nikauliza kwenye grupu moja kama inawezekana, na kabla saa haijaisha huyu mtu akaniandikia pembeni. Anaongea vizuri, mpole, "ndugu yangu" kila baada ya sentensi mbili, na majina ya gemu zote anayajua. Akaniuliza swali moja ambalo sasa naliona ndilo lililonimaliza: "Ukiwasha kaseti, inakuandikia kwamba betri ya ndani imekwisha?" Nikamwambia ndiyo, ina miaka kadhaa inaandika hivyo. Akanijibu kwa sauti ya huruma kabisa kwamba basi nina wiki mbili tatu tu, betri ikizima moja kwa moja kila nilichosevu kitafutika, nimtumie haraka.

Huo ni uongo, na naomba kila mwenye kaseti ya Ruby, Sapphire au Emerald aushike vizuri. Kwenye gemu hizo tatu betri ya ndani inaendesha saa tu. Ikiisha, miti ya matunda haikui na matukio yanayotegemea muda yanasimama, lakini ulichosevu kimehifadhiwa kwenye chipu isiyohitaji betri. Hata ule ujumbe wenyewe unasema gemu inaendelea kuchezeka. Zinazopoteza data betri ikiisha ni zile kaseti za Game Boy za kabla yake: Red, Blue, Yellow, Gold, Silver na Crystal. Yeye alichukua ukweli wa kaseti hizo akaupachika kwenye yangu ili nisipate muda wa kufikiri.

Tukakubaliana shilingi 180,000, nitangulize 100,000. Nikatuma hela kwa simu, nikampigia picha Pokémon wangu wote kumi na wawili kwenye skrini, majina yao yakisomeka, kisha nikaenda stendi ya Mbezi nikaifunga kaseti kwenye boksi dogo na kuipakia kwenye basi. Siku ya pili akathibitisha amepokea. Siku ya tatu, saa nne usiku, akaandika: "Wote kumi na wawili wameshahama, ndugu yangu. Nimewapitisha Pearl usiku huu huu." (Pearl ni gemu ya Pokémon ya Nintendo DS, mashine iliyofuata Game Boy Advance.) Nikamalizia 80,000. Baada ya siku mbili akanirushia sita kwa kubadilishana kwenye Pokémon HOME ya simu, programu ya kuhifadhi Pokémon mtandaoni, akasema wengine sita "wamegoma njiani". Kaseti ikarudi kwa basi wiki iliyofuata. Nilipoiwasha kwenye DS Lite ya jirani yangu, haikuwa na kitu ndani, ilinipa chaguo la kuanza gemu mpya tu. Nikamwuliza. Akajibu, "Si nilikwambia betri?" Jioni hiyo akaniblok.

Niliyemwona kwenye HOME alikuwa na jina TOPE na level 100. Nilifurahi kwa siku nzima, sitaficha. Kesho yake ndipo nikafungua ukurasa wa maelezo yake na kuukagua. Jina la mchezaji liliandikwa CHUI, kama langu, maana lilikuwa kwenye picha. Lakini namba ya utambulisho ya mchezaji haikuwa yangu. Yangu nimeiandika kwenye jalada la daftari la hesabu ambalo mama amelitunza mpaka leo: 31877. Namba hiyo gemu inakupa yenyewe unapoanza, huichagui. Pembeni kulikuwa na alama ndogo ya pembetano. Alama hiyo anakuwa nayo Pokémon aliyepatikana kwenye X, Y, Omega Ruby au Alpha Sapphire, gemu za 3DS zilizotoka 2013 na 2014. Pokémon aliyezaliwa kwenye kaseti ya Game Boy Advance na kupandishwa kwa njia halali hana alama hiyo. Kwa hiyo yule bwana alianzisha Alpha Sapphire, akajiita CHUI, akachukua Mudkip mwingine, akampa jina la TOPE wangu. Sapphire yangu hakuwahi kuichomeka popote kwa ajili ya kuhamisha. Aliitaka kaseti yenyewe, kwa sababu kaseti halisi za gemu hizi siku hizi zinauzwa ghali.

Kama ningeijua njia halisi ya kuhamisha, ningemkamata kwenye ujumbe wake wa pili. Ndiyo maana naieleza hapa.

Kutoka kaseti ya Game Boy Advance kwenda gemu za DS za Diamond, Pearl, Platinum, HeartGold au SoulSilver, konso moja inatosha kweli. Lazima iwe DS ya kwanza au DS Lite, kwa sababu hizo ndizo zenye matundu mawili: kadi ya DS juu, kaseti ya Game Boy Advance chini. DSi na 3DS, mashine zilizokuja baadaye, hazina tundu la chini. Kwenye orodha ya mwanzo ya Pearl kunatokea mstari wa kuhamisha kutoka Sapphire, unachagua sita, kisha unaingia Pal Park, bustani ya ndani ya gemu, na kuwakamata upya ndani ya gemu. Pal Park yenyewe haifunguki mpaka uwe umepata National Dex, ile orodha ya Pokémon wote ndani ya gemu. Na Pearl inapokea sita tu kutoka kaseti moja kwa saa 24. Yeye aliniambia kumi na wawili kwa usiku mmoja, nami nikamshukuru.

Tena Pokémon mwenye mbinu za HM (mbinu maalumu zisizofutika kwa njia ya kawaida) hakubaliwi kabisa kuhama. TOPE alikuwa na Surf na Waterfall, zote mbili ni HM. Mtu anayefanya kazi hii kweli angenipigia simu siku ya kwanza kuniambia lazima apelekwe mji wa Lilycove, humo humo ndani ya gemu, kwa yule mzee wa kufuta mbinu, na kuniuliza kama naridhia. Huyu hakuuliza chochote.

Kutoka hapo kwenda gemu za DS zilizofuata, Black, White, Black 2 au White 2, ndipo maneno ya "konso moja" yanapokufa. Hatua hii inahitaji mashine mbili, hakuna namna nyingine ndani ya gemu zenyewe. Moja ina kadi ya Black, nyingine ina kadi ya Pearl, na ile ya Black inairushia ya pili mchezo mdogo kupitia DS Download Play, njia ya DS kurushiana mchezo bila waya. Wanahama sita sita, na hawarudi nyuma. Mashine ya pili inaweza kuwa 3DS, kwa hiyo mwenye DS Lite moja na 3DS moja anaweza kupita njia yote. Anayekwambia ana konso moja tu na ataruka hatua hii, mwulize ataifanyaje, halafu sikiliza. Mimi sikuuliza.

Baada ya Black unarudi kwenye konso moja. Unachomeka kadi kwenye 3DS, unafungua programu ya Poké Transporter, inachukua boksi la kwanza la gemu na kuwapeleka Pokémon Bank, hifadhi ya mtandaoni ya 3DS, kisha Bank inawapeleka HOME, na HOME ndiyo inayowashusha kwenye gemu za Switch zinazowakubali. Kumtoa Pokémon kutoka Bank kwenda HOME lazima uwe umelipia HOME. Bank yenyewe sasa ni bure, lakini duka la mtandaoni la 3DS lilifungwa tarehe 27 Machi 2023, na aliyekuwa hajawahi kuipakua kabla ya hapo hawezi kuipata tena dukani.

Hapo kwenye Bank kuna mtego mwingine, na mtu huyu huyu ameshaanza kuutega. Anatangaza 3DS "zenye Bank ndani" kwa bei ya juu, akituma picha ya skrini tu. Ukitaka kununua 3DS kwa ajili hiyo, kwa yeyote yule, iunganishwe na intaneti mbele yako, Bank na Transporter zifunguliwe mpaka uyaone maboksi, ndipo utoe hela. Picha ya skrini inaweza kuwa ya mtu mwingine.

Akitokea mtu akakuahidi kuwapandisha Pokémon wa kaseti ya zamani ya Red au Gold kwa njia halali ya gemu, ujue ni tapeli bila kuendelea na mazungumzo. Kati ya gemu hizo na Ruby na Sapphire hapakuwahi kuwa na daraja.

Sasa hiyo kaseti aliyonirudishia. Kwa mbali ilinidanganya. Niliichukua, nikaimulika na tochi ya simu kutokea nyuma. Sapphire halisi ina gamba la bluu linalopitisha mwanga na unaona sakiti ndani. Hii ilipitisha mwanga hafifu, na katikati kulikuwa na donge jeusi la gundi la duara mahali ambapo kaseti halisi ina chipu za mraba zilizopangwa. Juu tu ya meno ya shaba, ukichungulia kwenye mdomo wa kaseti, panatakiwa kusomeka neno Nintendo kwenye sakiti. Pale palikuwa patupu. Lebo halisi ina tarakimu mbili zilizogongwa zikaacha alama ya kubonyea, unazihisi ukipitisha kidole au ukiinamisha kaseti kwenye mwanga. Hii ilikuwa laini kama stika ya daftari. Na nilipoiweka kwenye DS Lite pamoja na Pearl ya jirani, ambaye Pal Park yake ilishafunguka miaka mingi, ule mstari wa kuhamisha haukutokea kabisa. Kaseti bandia nyingi hukwama hapo. Kwa hiyo ukinunua Ruby, Sapphire au Emerald kwa lengo la kuhamisha, nenda na DS Lite yenye gemu iliyofika Pal Park, au mwombe mwenye nayo mwende pamoja. Kipimo hicho hakichukui dakika tano.

Kama unataka kuhamisha wako, msitafute fundi. Tafuteni mtu mwenye mashine ya pili, mkae meza moja, na kaseti isiondoke machoni pako. Tangu haya yanikute nimegundua watu watatu hapa Dar wenye DS Lite na 3DS ambao wako tayari kukaa na mtu jioni moja bure, kwa mapenzi tu ya gemu. Niliomba msaada kwa mgeni wakati jirani yangu wa mlango wa pili alikuwa na nusu ya vifaa.

Nimefika kituo cha polisi, nimechukua RB (namba ya taarifa ya polisi), na ujumbe wake nimeutuma 15040, namba ya kuripoti utapeli wa simu. Sitaandika jina wala namba yake hapa kwa sababu anabadilisha laini na majina, na namba aliyotumia kwangu leo inaweza kuwa ya mtu mwingine asiye na kosa. Mshike kwa maneno yake: konso moja, betri inakufa, wiki mbili tatu, tuma kwa basi.

Kaseti yangu lazima ataiuza, na huenda ikapita mikononi mwa mmoja wenu. Ni Sapphire ya Marekani, lebo ina AGB-AXPE-USA, kona ya juu kulia imekwanguka. Nyuma, chini ya skrubu, kuna herufi C niliyoichora kwa pini ya sare ya shule, mkia wake umeteleza mpaka ukingoni. Ukiiwasha itakwambia betri imekwisha. Ukibonyeza kuendelea utamkuta CHUI, 31877, amesimama mbele ya nyumba yake Littleroot, na wa kwanza kwenye kikosi ni TOPE. Usianze gemu mpya juu yake, tafadhali. Niandikie, nitakurudishia hela uliyoinunulia.