Dawa ya virusi ya funza wa nyanya: usiitupe siku ya tatu

Nalima nyanya upande wa Ngaramtoni, nje kidogo ya Arusha, kwa maji ya mfereji. Msimu huu funza wa matunda niliwapigia dawa ya virusi, yaani iliyotengenezwa kwa virusi vinavyomuua funza mwenyewe, badala ya sumu niliyozoea. Ni kichupa kidogo, maji yake ya kahawia, bei karibu mara mbili ya dawa ya kawaida. Naona watu dukani wanakishika, wanauliza bei, wanaguna, wanakirudisha.

Inafanya kazi. Tatizo ni kwamba usipoambiwa mapema inavyofanya kazi, utaapa umeuziwa maji.

Ukishapulizia, hakuna mdudu anayeanguka. Funza anakula jani lenye dawa na kesho yake bado anakula. Baada ya siku kadhaa kijana anayenisaidia shambani akaniita: "Mama, hii dawa inawapa nguvu! Njoo uone walivyopanda." Kweli walikuwa wamepanda. Funza ambaye kazi yake ni kujichimbia ndani ya tunda alikuwa kwenye ncha ya mche, juu kabisa, mchana kweupe, ndege wote wanamwona. Kijana akataka tuchanganye sumu jioni ile ile. Nikamwambia tusubiri. Hawakukawia: wakawa wananing'inia kichwa chini, wameshikilia jani kwa miguu ya nyuma, mwili mweusi na teketeke. Ukimgusa anapasuka, anatoka uji unaonuka.

Kule juu hakwenda kwa hiari yake, amepelekwa. Kirusi kikimuulia ndani ya tunda, kinabaki humo humo. Akifia kileleni akapasuka, uji wake unachuruzika kwenye majani ya chini ambako wenzake wanakula. Mwaka 2011 watafiti wa Marekani walionyesha, kwa kiwavi wa nondo anayekula miti ya misitu, kwamba virusi vya jamii hii vina jeni iitwayo egt inayozima homoni ya kujivua ngozi. Walipoiondoa jeni hiyo, viwavi wakawa wanafia chini. Kwa funza wetu huyu wa nyanya, utafiti wa China wa mwaka 2022 uligundua kwamba virusi vinachezea namna anavyoona mwanga, ndiyo maana anaufuata juu. Mchungaji wetu akilisikia hili atapata mahubiri ya Jumapili tatu. Mimi shida yangu ni matenga, na matenga ya msimu huu yalikuwa na nyanya chache sana zilizotobolewa.

Sasa masharti yake, maana ni mengi. Piga funza wakiwa wadogo, bado wako kwenye majani na maua. Akishaingia kwenye tunda dawa haimfikii, na mkubwa anachukua muda mrefu kufa huku anaendelea kukuharibia. Piga jioni, kwa sababu jua linaua virusi, na jua la Januari huku mnalijua. Halafu maji. Virusi hivi vimefungwa ndani ya ganda la protini, na ganda hilo linayeyuka tumboni mwa kiwavi kwa kuwa tumbo lake lina magadi makali. Maji ya bomba lako la mgongoni nayo yakiwa na magadi makali, ganda linayeyukia humo na umepuliza bure. Sisi tulio chini ya Meru hatuhitaji kuelezwa maji ya magadi ni nini. Nilitumia ya mvua niliyokinga kwenye pipa.

Kasoro kubwa kwangu: haigusi kantangaze, yule mdudu anayechimba ndani ya majani ya nyanya. Wala inzi weupe, wala utitiri. Ni funza huyo mmoja tu, basi, kwa hiyo bajeti ya dawa inakuwa mbili. Uzuri wake unatoka hapo hapo: nyuki wa jirani yangu mwenye mizinga hawakuguswa, na buibui wangu bado wapo wanawinda.

Kuhusu maduka, nina neno. Chupa ya kwanza niliinunua mjini, ilikuwa imepangwa kwenye rafu ya dirishani, jua linaipiga. Nilipomuuliza muuzaji inaua baada ya muda gani, akajibu, "Leo leo, mama." Mwanangu, hata lebo hujaisoma! Ya pili niliipata duka jingine karibu na soko la Kilombero. Yule anaiweka kwenye friji, na kabla ya kuchukua hela aliniuliza funza wangu wana ukubwa gani, akanionyesha kwa ncha ya kalamu saizi inayofaa. Ile ya dirishani ilifanya kazi nusunusu, hii ya friji ndiyo niliyowaelezea hapa.

Kama shamba lako limeshambuliwa na kantangaze peke yake, hela yako iweke kwingine. Kama ni funza wa matunda na una subira ya wiki, nunua, ila uliza kwanza wanaihifadhi wapi, tazama tarehe ya mwisho, na tazama namba ya usajili wa viuatilifu kwenye lebo. Ukiwa na mashaka na namba hiyo, mamlaka yenyewe ya afya ya mimea na viuatilifu (TPHPA) makao yake makuu yako hapa hapa Ngaramtoni, nenda kaulize.