Eyam nitarudi, ila si na mwongozaji yule

Nilikwenda Eyam, kijiji cha Derbyshire, Uingereza, kiangazi cha mwaka juzi kama sikosei, na wifi yangu aliyetutembelea kutoka Tanga. Kutoka kwetu Sheffield ni kupanda basi tu. Tukalipia matembezi ya kuongozwa, maana habari za tauni ya 1665 nilitaka kuzisikia kwa mtu anayezijua. Laiti ningeitunza hela yangu!

Mwanzo, haki ya Mungu, alianza vizuri. Alitusimamisha nje ya nyumba alikofia George Viccars, msaidizi wa fundi nguo na mtu wa kwanza kufa, aliyekianika motoni kitambaa chenye unyevu kilicholetwa kutoka London, kumbe kina viroboto wa tauni. Wifi akanibana mkono. Akaeleza jinsi mchungaji Mompesson, pamoja na mtangulizi wake Stanley, walivyowashawishi wanakijiji wajifungie humo humo wasiwaambukize majirani, na jinsi walivyoacha sarafu kwenye siki, ndani ya matundu ya jiwe la mpakani, ili waletewe chakula. Wakafa watu 260. Hadi hapo kichwani nilishampa nyota tano.

Nikauliza: makaburi ya Riley, mama mmoja alikoizika familia yake, tunakwenda saa ngapi? Akatazama saa. Eti ni nje ya kijiji, halafu kuna kilima. "Picha yake mtaiona kwenye kadi pale dukani." Kadi! Na tangazo lao lilisema tutafika. Nikamwambia mimi nimekuja hasa kwa ajili ya yule mama. Akacheka, akanigeukia mbele za watu: "Kwani huko kwenu tauni mnaijua?"

Mimi ni wa Lushoto, mkoani Tanga. Tauni ilizuka kwetu 1980 ikatusumbua zaidi ya miaka 20. Nimekua nikikatazwa kulala chini kwa sababu ya viroboto, na neno mtoki nililijua kabla sijajua kusoma. Nikamwambia yote hayo, Kiingereza kikinitoka kwa hasira. Akajibu "ahaa", akaendelea na safari yake. Ahaa!

"Wifi, achana naye, twende zetu," akaniambia wifi yangu.

Tukaenda. Hata nusu saa haikufika, na kilima chenyewe bibi yangu angekipanda na mzigo wa kuni. Katikati ya malisho kuna ukuta wa mawe wa mviringo, ndani yake mawe saba. Agosti 1666 Elizabeth Hancock alimzika mumewe na watoto sita ndani ya siku nane, peke yake, kwani hakuna aliyethubutu kumsogelea. Inasimuliwa kwamba aliwafunga kitambaa miguuni akawaburuta, asiwaguse. Wifi alikaa kimya, na wifi yangu si mtu wa kukaa kimya. Baadaye mama yule alihamia Sheffield kwa mwanawe aliyebaki. Sheffield hii ninayoishi! Hilo ndilo nililolipia nisimuliwe, nikaishia kulisoma mwenyewe.

Nilidhamiria kutoa nyota moja. Lakini kijiji kimekosa nini? Kijiji kichukue tano zake. Yule kijana nampa mbili, maana habari ya kitambaa aliijua kwelikweli. Hapana, nikiikumbuka ile kadi naghairi: moja. Barua pepe nimewaandikia mara mbili wanirudishie hela, kimya. Ukienda usilipe mtu, shika barabara ya upande wa mashariki mwa kijiji, na uvae viatu vya kuvumilia tope.