Onomastika na Saaga: huduma mbili za kutafuta asili ya majina ya Kiestonia, na mahali zinapokwama

Anayefuatilia fizikia ya nyota atakutana na majina mawili ya Waestonia yanayoonyesha vizuri uwezo na udhaifu wa huduma hizi. La kwanza ni Undo Uus, mtafiti wa kituo cha kuangalia nyota cha Tartu. Mwaka 1970 alikokotoa uhusiano kati ya uzito wa kiini cha nyota kubwa iliyozeeka na wingi wa mwanga wake, kisha akageukia falsafa na kutetea kwa nguvu kwamba fizikia peke yake haiwezi kueleza fahamu ya binadamu. La pili ni Jaan Einasto, aliyezaliwa Tartu tarehe 23 Februari 1929, mmoja wa walioandika mwaka 1974 kwamba galaksi zimezungukwa na maada kubwa isiyoonekana. Majina yote mawili ya ukoo yana sura ya Kiestonia. Hata hivyo Uus ni jina la aina ambayo Onomastika ilitengenezwa kulitafuta, na Einasto ni la aina ambayo Onomastika haina la kusema juu yake. Anayeelewa kwa nini iko hivyo ataokoa muda mwingi.

Onomastika ni hifadhidata ya bure ya Rahvusarhiiv, yaani Hifadhi ya Taifa ya Nyaraka ya Estonia. Unaandika jina la ukoo, nayo inakurudishia mahali jina hilo lilipotolewa kwa wakulima: shamba la bwana (mõis), usharika wa kanisa (kihelkond) na wilaya (maakond). Unaweza pia kuanza na mahali na kuona majina yaliyotolewa hapo. Jibu ni fupi, na ufupi huo ndio unaowapotosha wengi.

Neno "lilipotolewa" lina uzito wake. Mpaka mwanzoni mwa karne ya 19 wakulima wengi wa Estonia hawakuwa na majina ya ukoo yaliyosajiliwa. Mtu alijulikana kwa jina lake, la baba yake na la kitongoji alichokaa, na akihamia kitongoji kingine hata utambulisho wake ulibadilika. Wakulima waliachiwa huru kutoka mikononi mwa mabwana wa ardhi mwaka 1816 katika jimbo la kaskazini, Estland, na mwaka 1819 katika jimbo la kusini, Livland. Serikali ya Urusi, iliyotawala majimbo haya wakati huo, ikataka kila familia iwe na jina la kudumu. Livland ilifanya kazi hiyo zaidi kati ya 1823 na 1826, Estland ikaifanya karibu 1834 na 1835. Kwingine mabwana waliwaachia wakulima wachague, kwingine karani au mchungaji aligawa majina kwa kufuata orodha yake. Majina ya koo za makabaila yalikatazwa.

Kutokana na hayo, jina moja liliweza kutolewa mahali pengi bila wahusika kujuana kabisa. Tamm, maana yake mwaloni, ndilo jina la Kiestonia lenye watu wengi kuliko yote nchini, na si ukoo mmoja uliozaana kupita kiasi. Makarani na wakulima wengi waliangalia mti uleule. Uus, maana yake "mpya", ni jina fupi la aina hiyohiyo, na Sepp, mhunzi, vilevile. Onomastika ikikupa mahali pengi kwa jina moja, hapo imekupa mahali pa kuanzia kutafuta. Haijakuonyesha babu yako wala babu wa mwanafalsafa yeyote. Kinyume chake nacho hutokea: ndugu wa tumbo moja waliokuwa wakiishi kwenye mashamba ya mabwana tofauti waliweza kupewa majina tofauti, hivyo ukifuata jina tu utakata tawi zima la ukoo.

Kosa la pili linatokana na tahajia. Makarani waliandika kwa mazoea ya Kijerumani na kwa tahajia ya zamani ya Kiestonia, ambayo iliweka konsonanti mbili baada ya irabu fupi. Mägi ya leo waliiandika Mäggi, Kivi ikawa Kiwwi, Rebane ikawa Rebbane. V ya leo iliandikwa w hadi karne ya 20, na õ mara nyingi utaikuta imeandikwa ö. Wajerumani pia walichanganya p na b, t na d, k na g mwanzoni mwa neno, kwa kuwa masikio yao yalizoea tofauti nyingine. Usikubali jibu la "hakuna" kabla hujajaribu sura zote hizi, moja baada ya nyingine. Hapa Onomastika ingeweza kusaidia zaidi kwa kuleta yenyewe majina yanayofanana kwa sauti, na hilo ndilo lalamiko kubwa dhidi ya kifaa ambacho vinginevyo kinastahili sifa.

Ukishapata mahali, hamia Saaga. Hii ni huduma ya hifadhi hiyohiyo inayoonyesha picha za nyaraka zenyewe: vitabu vya kanisa, madaftari ya kodi ya kichwa, kumbukumbu za mahakama za wilaya na kadhalika. Inahitaji kujisajili, na kujisajili ni bure. Jambo la kujua mapema ni kwamba kwa sehemu kubwa huwezi kuandika jina la mtu na kupelekwa kwenye ukurasa wake. Unachagua usharika, kitabu na miaka, kisha unafunua picha hadi ufike. Anayetarajia kisanduku cha kutafutia atakata tamaa siku ya kwanza. Anayejua usharika na mõis atafika bila kuhangaika sana, na kumpa majina hayo mawili ndiyo kazi ya Onomastika.

Nyaraka za kuanza nazo ni madaftari ya kodi ya kichwa, ambayo Waestonia huyaita hingeloendid. Serikali ya Urusi iliyaandaa mwaka 1782, 1795, 1811, 1816, 1826, 1834, 1850 na 1858. Ukifungua daftari la Livland la 1826 utaona kurasa mbili zilizokabiliana: kushoto wanaume, kulia wanawake wa kaya hiyohiyo. Upande wa wanaume kuna namba ya kaya, jina, umri katika hesabu iliyopita, maelezo ya aliyeondoka, na umri wa sasa. Safu ya umri wa zamani ndiyo dhahabu ya daftari hili. Daftari la 1816 kwa kawaida halina jina la ukoo, la 1826 linalo. Kwa hiyo weka yote mawili mbele yako, chukua mwanaume aliyeandikwa kuwa na umri wa miaka 40 mwaka 1826, hakikisha safu ya zamani inasema 30, kisha mtafute kwenye kaya hiyo katika daftari la 1816 akiwa na umri huo, jina hilo la kwanza na baba huyohuyo. Vikilingana vitatu, umeunganisha jina jipya na mtu wa zamani. Kikilingana kimoja tu, usiandike kitu.

Kwa Estland hesabu hubadilika, kwani daftari linalofuata la 1816 ni la 1834, hivyo tofauti ya umri ni miaka 18. Tena majina ya ukoo mara nyingi yako kwenye orodha ya 1835 na hayamo kwenye daftari kuu, kwa hiyo usiishie kwenye daftari la 1834 ukadhani familia haikupewa jina.

Mwanaume asiyekuwepo aliandikiwa sababu: amekufa mwaka fulani, amechukuliwa jeshini, amehamia kaya nyingine, na mara nyingi kaya hiyo hutajwa. Fuata maelezo hayo kabla ya kuhukumu kwamba mtu amepotea. Wanawake hawakuandikiwa umri wa hesabu iliyopita, hivyo kuwafuata kunategemea zaidi vitabu vya ndoa na ubatizo vya kanisa.

Lugha ya nyaraka ni Kijerumani kwa mwandiko wa zamani, ambao e na n hufanana na h hushuka chini ya mstari kwa kitanzi kirefu. Jifunze kwanza maneno machache yanayorudiwa kila ukurasa, kama Sohn, Tochter, Weib, Wirth na gestorben (mwana, binti, mke, mwenye kaya, amefariki), kwani herufi zake zitakusaidia kusoma majina usiyoyajua. Karibu na 1892 vitabu vya kanisa vinageuka kuwa vya Kirusi. Tarehe nazo zinafuata kalenda ya Juliasi hadi mwaka 1918, yaani katika karne ya 19 ziko nyuma siku 12 ukilinganisha na kalenda ya leo.

Kikwazo kinachowatoa wengi njiani kiko Livland. Kati ya 1845 na 1848 maelfu ya wakulima waliacha Ulutheri na kuingia Kanisa la Orthodoksi, wengi wakitumaini kupata ardhi. Familia inakuwepo kwenye vitabu vya Kilutheri, kisha inatoweka kama imehama nchi. Ukiona hivyo kwenye miaka hiyo, fungua vitabu vya parokia ya Orthodoksi ya eneo hilo kabla ya kutafuta mbali.

Sasa Einasto. Familia hiyo iliitwa Eisenschmidt, neno la Kijerumani lenye maana ya mhunzi wa chuma, hadi baba wa Jaan, mtu mwenye uzalendo mkubwa, alipobadilisha jina katika miaka ya 1930. Ukizipanga upya herufi za Einasto unapata Estonia. Kwenye Onomastika hutalikuta kama jina la ukoo la wakulima, kwa sababu halikuwepo karne ya 19. Si yeye peke yake: kampeni ya kuyafanya majina yawe ya Kiestonia, iliyopamba moto katikati ya miaka ya 1930, iligusa zaidi ya watu 200,000 katika nchi ndogo. Hata mwanasiasa Karl Einbund, aliyewahi kuwa mkuu wa serikali, alibadilika mwaka 1935 akawa Kaarel Eenpalu.

Angalia majina hayo kwa karibu. Eisenschmidt na Einasto yanaanza na Ei, Einbund na Eenpalu yanaanza na E. Si kila mtu alifuata njia hiyo, ila ni dokezo la kutumia ukiwa na jina la Kiestonia lisilo na mahali popote katika Onomastika: shuku jina la Kijerumani lenye herufi za mwanzo zinazofanana. Dokezo si ushahidi. Ushahidi utaupata kwenye matangazo ya mabadiliko ya majina yaliyochapishwa katika Riigi Teataja Lisa, nyongeza ya gazeti la serikali, au kwenye rejista za kiraia zilizoanza Julai 1926, ambazo zina vizuizi vya faragha kwa kumbukumbu zisizo za zamani vya kutosha. Ukishapata jina la zamani, hilo ndilo la kurudi nalo Onomastika.

Jina la zamani la Kijerumani pia lisikufanye uamue kwamba babu alikuwa Mjerumani. Mabwana na makarani waliwapa wakulima wengi wa Kiestonia majina ya Kijerumani, na ndiyo sababu kampeni ya miaka ya 1930 ilikuwa na wateja wengi kiasi hicho. Kabila lisome kwenye tabaka na kaya iliyoandikwa daftarini.

Kuna huduma ya tatu, ukurasa wa majina wa Statistikaamet, idara ya takwimu ya Estonia. Unaandika jina la kwanza au la ukoo na unaambiwa watu wangapi wanalo leo. Majina yenye watu wachache mno hayaonyeshwi. Ni ya haraka na safi, na inafaa kujua kama jina ni la kawaida au adimu kabla hujaanza. Jina adimu ambalo Onomastika inaliweka mahali pamoja tu linatoa matumaini makubwa, ilhali jina kama Tamm bila usharika halina pa kushikia. Kuhusu asili haisemi chochote, kwa sababu inahesabu waliopo sasa.

Miti ya ukoo iliyojazwa na watumiaji kwenye tovuti ya Geni ni mingi kwa Estonia na husaidia kupata dokezo la usharika. Kabla ya kunakili tawi lolote, angalia kama aliyelijaza ametaja daftari na ukurasa wa Saaga. Asipotaja, fungua mwenyewe daftari la 1826 au la 1834 na ulinganishe umri.